Mshahara wa Bor: Malipo Yaliyozuiwa na Vita Vilivyofuata

Tarehe 16 Mei ya kila mwaka, Sudan Kusini huadhimisha kuzaliwa kwa jeshi la SPLA. Hotuba husifu ukombozi, lakini suala la mshahara lililochochea siku hiyo hutajwa kwa nadra. Vyombo vinavyoondoka Bandari ya Juba kufuata Nile kuelekea Malakal hupita Bor, takribani kilomita 200 kaskazini. Hapo ndipo mwaka 1983 ugomvi wa malipo ulipogeuka risasi.

Chanzo chake ni Mkataba wa Addis Ababa wa 1972, uliomaliza vita vya kwanza vya Sudan. Kikosi cha Kusini kilipangiwa askari 12,000, na 6,000 kati yao walitoka Kusini, wengi wao wapiganaji wa Anyanya, waasi wa Kusini katika vita hivyo. Wenzao wengine waliingizwa polisi, magereza, idara ya wanyamapori na kazi za umma. Hawa hawakuajiriwa kwa vyeti. Waliajiriwa kwa sababu amani ilidai hivyo, na kwa sababu mtu aliyetoka msituni ana watoto wa kulisha. Ni ajira ya huruma, naam, lakini jina likishaandikwa kwenye orodha ya mishahara, malipo ni haki ya mwenyewe.

Mwanahistoria Douglas H. Johnson, aliyechambua kwa kina vyanzo vya vita vya Sudan, anaonyesha jinsi haki hiyo ilivyochezewa. Mapema 1983 Khartoum ilitaka vikosi vya waliokuwa Anyanya vihamishiwe Kaskazini. Batalioni ya 105, iliyokuwa Bor, Pibor na Pochalla, ilikataa. Askari waliona kwamba kuwaondoa kwao ni kuvunja makubaliano yaliyowatoa msituni. Wakati huohuo ukazuka mvutano wa fedha: kamanda wao wa Bor, Meja Kerubino Kuanyin Bol, alituhumiwa kutumia vibaya fedha za kikosi, na makao makuu ya jeshi Juba yakazuia mishahara. Tuhuma dhidi ya mkubwa mmoja zikawalaza njaa askari wa kawaida pamoja na wake na watoto wao.

Badala ya kutumwa mhasibu, yalitumwa majeshi. Alfajiri ya 16 Mei kikosi kutoka Juba kiliishambulia kambi ya Bor. Kerubino alijeruhiwa, kisha yeye na askari wake wakaondoka kuelekea Ethiopia. Ayod nako, Meja William Nyuon Bany aliasi. Kanali John Garang, yeye mwenyewe akiwa mmoja wa Anyanya walioingizwa jeshini, alijiunga nao, na SPLA ikaundwa. Johnson anakumbusha kwamba baadhi ya maafisa walikuwa wamekwisha kupanga uasi. Hata hivyo, mishahara iliyozuiwa iliwapa askari wa chini sababu ya kuwafuata. Vita vilidumu takribani miaka 22, na safari za meli kati ya Kosti na Juba, njia ya zaidi ya kilomita 1,400, zikakatika.

Amani ya 2005 ilirudisha desturi ileile. Azimio la Juba la Januari 2006 liliwaingiza jeshini wapiganaji wa kiongozi wa wanamgambo Paulino Matip, na serikali ya Kusini ikawa na tume ya kuwahudumia walemavu wa vita, wajane na yatima. Uhuru ulipatikana 2011, vita vikarudi 2013, na mwaka 2024, baada ya bomba la mafuta linalopita Sudan kupasuka, watumishi wa umma na askari walikaa miezi mingi bila mshahara.

Mtu anayeajiriwa kwa sababu amezika mume, amepoteza mguu au ameweka chini bunduki ana haki ya ujira kamili kama mwenzake aliyepita kwenye usaili, tena kwa wakati. Serikali ya Juba iweke mishahara mbele ya kila matumizi, na mkubwa anayetuhumiwa ashughulikiwe peke yake bila kugusa posho ya walio chini yake. Nchi hii imekwisha kulipa gharama ya kufanya kinyume.