Njiwa Aliyefika Akamkuta Mtu

Ndugu zetu, wana wa nyumbani mlio hapa na mlio mbali,

Kila mwaka tunatenga ukurasa mmoja wa kijitabu hiki kwa ajili ya historia. Safari hii tumekwenda mbali, hadi Uskoti, kwa kuwa tumekuta huko jambo linalotuhusu.

Wakati wa Vita Kuu ya Pili, ndege nyingi za vita za Uingereza zilibeba njiwa. Redio ikiharibika, njiwa aliachiwa arudi kwao na ujumbe. Njiwa hao hawakutoka jeshini tu. Wafugaji wa kawaida walijitolea wa kwao, na kufikia mwisho wa vita walikuwa wametoa karibu njiwa 200,000. Mmoja wa wafugaji hao alikuwa George Ross wa Broughty Ferry, karibu na mji wa Dundee.

Waliofuga njiwa hapa kwetu wanajua kwamba huwezi kumtuma njiwa aende unakotaka wewe. Anajua njia moja tu, ya kwao. Kwa hiyo kazi ya mfunzaji ni kumfanya apapende kwao. Kinda huzoeshwa banda kwanza. Huachiwa aruke kabla ya kula, kisha kopo la nafaka hutikiswa, naye akisikia hurudi ndani. Baadaye hubebwa kwenye kikapu kilomita chache na kuachiwa, halafu mbali zaidi, na zaidi tena, hadi anaweza kurudi kutoka ng'ambo ya maji. Kila mmoja ana pete yenye namba mguuni. Kazi hiyo haina sikukuu. Mvua inyeshe, baridi ipige, mwenye banda lazima awepo.

Februari 1942, ndege iliyokuwa ikirudi kutoka Norwei ilianguka katika Bahari ya Kaskazini. Wanajeshi wanne waliokuwamo walijiokoa kwenye boti ndogo ya mpira, lakini hawakuweza kueleza walipo. Njiwa jike waliyekuwa naye alitoka kwenye sanduku lake akiwa amelowa mafuta, akaruka bila barua yoyote. Baada ya kilomita kama 190 alifika kwa Ross, hoi kabisa.

Ross alimtambua njiwa wake, akaarifu kituo cha jeshi. Wataalamu wakapiga hesabu: saa ndege ilipoanguka, saa njiwa alipofika, upepo ulivyovuma, na mafuta yalivyompunguzia mwendo. Wakajua pa kutafuta, na wale wanne wakaokolewa wote. Baadaye waliandaa karamu ya chakula kwa heshima ya njiwa na mfunzaji wake. Njiwa huyo, Winkie, alikuwa miongoni mwa watatu wa kwanza kutunukiwa Nishani ya Dickin, tarehe 2 Desemba 1943.

Wengi humsifu njiwa, na anastahili. Sisi tunamtazama pia Ross. Kama njiwa angefika bandani asimkute mtu, safari yake yote ingekuwa bure, na wale wanne wangekufa baharini.

Ndugu zetu, zahanati yetu ina paa, vitanda na dawa. Haina nyumba ya muuguzi. Muuguzi wetu anapanga mbali, na jua likizama anaondoka. Mama anayeshikwa na uchungu usiku huletwa kwa machela au pikipiki, akafika akakuta kufuli. Amekwisha fanya sehemu yake, amefika. Anayekosekana ni wa kumpokea.

Ndiyo maana michango ya mwaka huu yote inakwenda kwenye nyumba ya vyumba viwili, hatua chache tu kutoka mlango wa zahanati. Kiwanja kimepatikana na msingi umechimbwa kwa nguvu za wanakijiji. Tunahitaji saruji, mbao na mabati. Haba na haba hujaza kibaba.

Ninyi mlio mbali mnajua njia ya kwenu. Tusaidieni ili anayefika usiku amkute mtu.