Nani Alimtangulia Tegla Loroupe?

Wahenga walinena kwamba mcheza kwao hutunzwa. Tegla Loroupe alicheza kwao, na kwa miaka mingi hakutunzwa. Alizaliwa tarehe 9 Mei 1973 huko Pokot Magharibi, nchini Kenya, katika mji wa mume mmoja na wake wanne, akalelewa pamoja na ndugu 24. Shule ilikuwa umbali wa kilomita 10 hivi, naye tangu umri wa miaka saba akaikimbilia kila asubuhi kwa miguu mitupu. Baba aliona kwamba kukimbia hakumstahili mtoto wa kike. Wakuu wa riadha nao walipolitazama umbo lake dogo walimdhania dhaifu. Aliyesimama upande wake ni mama yake.

Mwaka 1988 aliwashinda waliomzidi umri na sifa katika mbio za nyika, naye hakuvaa viatu. Hapo ndipo wakuu walipoanza kumfikiria. Miaka sita baadaye, Novemba 1994, alishinda marathoni ya New York, akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika kupata ushindi huo. Mwaka uliofuata aliurudia.

Kisha ikaja rekodi, na rekodi ikazaa mabishano. Tarehe 19 Aprili 1998, mjini Rotterdam, alimaliza kwa saa 2, dakika 20 na sekunde 47, akaivunja rekodi ya Ingrid Kristiansen wa Norway iliyodumu miaka 13. Wapo waliosema kwamba ushindi ule haukuwa wake peke yake, kwa kuwa wanaume walitangulizwa mbele yake kumshikia kasi. Hoja hiyo si ya kupuuzwa. Kwa baharia upepo ni rafiki, lakini kwa mkimbiaji wa masafa marefu ni adui, na anayekimbia nyuma ya mwenziwe hukingwa nao. Loroupe hakujibizana sana. Septemba 1999, mjini Berlin, aliipunguza rekodi yake kwa sekunde 4. Mabishano yenyewe yaliendelea hata baada ya enzi yake: mwaka 2011 Shirikisho la Riadha la Dunia liliamua kutenganisha rekodi za wanawake waliokimbia pamoja na wanaume na za wale waliokimbia peke yao.

Hata hivyo, hesabu hiyo ina upungufu. Inawahesabu wanaume waliomtangulia kwa saa mbili barabarani, ila haiwahesabu waliomzibia njia kwa miaka mingi kabla hajaifikia barabara yenyewe. Ikiwa msaada hupunguzwa katika sifa ya mkimbiaji, basi na vizuizi viongezwe.

Historia nayo ilimlipa kwa namna yake. Katika Olimpiki ya Sydney mwaka 2000 aliugua kwa chakula usiku wa kuamkia marathoni, lakini alikimbia hadi mwisho, akawa wa 13. Siku chache baadaye akawa wa 5 katika mita 10,000. Mwaka 2001 rekodi yake ilivunjwa na Naoko Takahashi wa Japani, mjini Berlin palepale. Wengi wangeishia hapo. Yeye mwaka 2003 aliunda taasisi ya amani, akawaita vijana wa Pokot, Turkana, Karamoja na jirani zao, ambao bunduki na wizi wa mifugo vilikuwa vimewatenga, waje wakimbie pamoja. Wanaume walewale ambao kwa mila zao msichana hakuwa na neno mbele yao, sasa walisimama kwenye mstari wakingoja ishara ya mwanamke. Mwaka 2016 aliiongoza timu ya kwanza ya wakimbizi katika Olimpiki, huko Rio: wanamichezo 10, na kati yao wakimbiaji watano wa Sudan Kusini waliotoka kambi ya Kakuma.

Asubuhi kwenye barabara kuu iendayo Tunduma, watoto wa Mlowo huelekea shule, kama wa Makunduchi waelekeavyo yao. Miongoni mwao wamo wasichana wenye mbio. Swali la nani atawatangulia siku ya rekodi linaweza kungoja. Lisilongoja ni la nani amesimama mlangoni leo, na kama amesimama kuwazuia au kuwapisha.