Kireno Baada ya Ngome Kuanguka

Desemba 1698 askari wa Oman waliingia katika Ngome ya Yesu, Mombasa, baada ya kuizingira kwa karibu miaka mitatu. Njaa na maradhi vilikuwa vimekwisha kuwamaliza wengi waliokuwa ndani. Kwa pwani yetu, kaskazini ya mto Ruvuma, huo ndio uliokuwa mwisho wa utawala wa Wareno, ukiacha kipindi kifupi cha 1728 na 1729 waliporudi Mombasa na kufukuzwa tena. Mwaka huohuo wa 1698, mfalme wa Uingereza alitoa hati mpya kwa kampuni ya wafanyabiashara waliokwenda Mashariki. Hati hiyo ilikuwa na sharti kwamba kila kasisi atakayepelekwa India ajifunze Kireno ndani ya mwaka mmoja tangu kufika kwake. Ngome za Wareno zilikuwa zikianguka moja baada ya nyingine, na mahasimu wao walikuwa wanaamrishana kujifunza lugha yao.

Matukio haya mawili yananifundisha historia ya Kireno kuliko orodha ndefu ya manahodha na safari zao. Kwa miaka zaidi ya mia tano, lugha hii imepata thamani kubwa zaidi pale ilipowaponyoka wenyewe na kuangukia mikononi mwa watu wengine, wengi wao wakiwa wamelazimishwa kuipokea.

Wenyewe walikuwa wachache. Mfalme Dinis alipoanza kuitumia lugha hiyo katika nyaraka za serikali badala ya Kilatini, mwishoni mwa karne ya 13, ilikuwa lahaja ya pembe moja ya Ulaya, ndugu wa karibu wa lugha ya Galicia. Vasco da Gama alipotia nanga Malindi mwaka 1498, Ureno yote haikuwa na watu wengi zaidi ya milioni moja na kidogo. Hata hivyo Wareno waliiteka Goa mwaka 1510, Melaka mwaka 1511, na katikati ya karne hiyo wakaweka makazi Macau. Watu wa kuijaza bahari hiyo kubwa hawakuwa nao. Waliokieneza Kireno bandarini walikuwa mabaharia wa kila kabila, makarani, watumwa, na zaidi ya wote wanawake wa Asia walioolewa au kuchukuliwa na Wareno, wakawalea watoto wao katika Kireno kilichochanganyika na lugha za pale. Hivyo ndivyo zilivyozaliwa krioli za Sri Lanka, Melaka na kwingineko. Waholanzi waliwanyang'anya Wareno Melaka mwaka 1641, lakini katika mji wao wenyewe wa Batavia, ambao leo ni Jakarta, watumishi na watoto wa nyumbani waliendelea kuzungumza Kireno, na wakubwa wa kampuni walishindwa kukizima. Agano Jipya la kwanza kuchapwa kwa Kireno lilitafsiriwa na João Ferreira de Almeida, mchungaji wa Kiprotestanti aliyeishi Batavia. Lilitoka Amsterdam mwaka 1681.

Kwetu hakikushika namna hiyo. Biashara ya pwani ilikuwa tayari na lugha yake, na waliotaka kununua dhahabu ya Sofala au pembe za ndovu walilazimika kutafuta mkalimani. Wareno walituachia maneno ya meza, bendera, leso na gereza, pamoja na makovu ya Kilwa na Mombasa, miji waliyoipora mwaka 1505. Sisi nasi tumeingia katika fasihi yao. Katika Os Lusíadas, utenzi mkuu wa Luís de Camões uliochapwa mwaka 1572, anayeketi kusimuliwa historia nzima ya Ureno ni mfalme wa Malindi.

Brazili ndiko mizani ilikoinamia. Kwa zaidi ya karne mbili sehemu kubwa za koloni hilo hazikuzungumza Kireno katika maisha ya kila siku. Walowezi, wamisionari na wenyeji walielewana kwa lugha iliyotokana na Kitupi. Waziri wa Ureno aliyejulikana kama Marquês de Pombal ndiye aliyeamuru, katika miaka ya 1750, kwamba Kireno pekee kifundishwe na kutumiwa, na mwaka 1759 akawafukuza Wajesuiti waliokuwa wameziandikia lugha za wenyeji sarufi na katekisimu. Amri hiyo iliua kitu ambacho hakitarudi. Wakati huohuo meli zilikuwa zinashusha Waafrika: karibu milioni tano waliofika hai, idadi isiyofikiwa na nchi nyingine yoyote ya Amerika. Watu wa Kongo, wa Angola, Wayoruba, na wengine waliosombwa kutoka Msumbiji walijifunza Kireno mashambani na migodini bila mwalimu, nao ndio walioipa lugha hiyo sauti na mwendo inaojulikana nao leo duniani. Mwaka 1808 familia ya kifalme, ikimkimbia Napoleon, ilihamia Rio de Janeiro, na hapo ndipo koloni lilipopewa kiwanda rasmi cha uchapaji. Mwaka 1822 Brazili ikajitawala.

Sensa ya 2022 ilihesabu Wabrazili milioni 203. Wasemaji wote wa Kireno hukadiriwa kuwa zaidi ya milioni 260, kwa hiyo karibu watatu kati ya kila wanne ni Wabrazili. Anayeuliza lugha hii inaleta mapato gani aanzie huko: kwenye soya na madini ya chuma yanayopelekwa Uchina, ambayo tangu 2009 ndiyo mshirika mkubwa wa biashara wa Brazili, kwenye mafuta ya Petrobras, na kwenye ndege za Embraer. Uchina nayo ililiona hilo mapema. Ilipokabidhiwa Macau mwaka 1999 iliacha Kireno kiendelee kuwa lugha rasmi ya mji huo, na mwaka 2003 ikaanzisha hapo jukwaa la biashara kati yake na nchi zinazozungumza Kireno. Lisbon yenyewe watafiti wa chuo cha ISCTE, walioombwa na taasisi ya Camões, walikadiria kwamba shughuli zinazotegemea lugha huchangia kiasi cha asilimia 17 ya pato la Ureno. Walijumlisha elimu, utangazaji, mawasiliano na huduma nyingine zisizofanyika bila maneno.

Utamaduni nao ulifuata njia hiyohiyo. Mwaka 1977 Wareno walianza kutazama Gabriela, tamthilia ya televisheni kutoka Brazili, na lafudhi ya koloni la zamani ikaingia sebuleni mwao kila jioni. Luanda, soko kubwa la wachuuzi lilipewa jina la tamthilia nyingine ya Kibrazili, Roque Santeiro.

Afrika ndipo hesabu hii inapoumiza. Hadi 1961 sheria za Ureno ziliwagawa watu wa makoloni kuwa raia na wenyeji, na mwenyeji aliyetaka haki za raia alitakiwa kuthibitisha kwamba anakijua Kireno. Shule zenyewe zilikuwa chache mno: Msumbiji ilipopata uhuru mwaka 1975, zaidi ya watu tisa kati ya kumi hawakujua kusoma. Lugha hiyo ilikuwa lango lililofungwa, na ufunguo ukauzwa kwa wachache.

Pamoja na hayo wapigania uhuru walikichagua. FRELIMO ya Msumbiji, iliyoundwa Dar es Salaam Juni 1962, ilikusanya Wamakonde, Wamakua, Wanyanja, Washangani na wengine ambao hawakuwa na lugha moja. Walioishi katika kambi kama Nachingwea walizungumza Kiswahili na wenyeji wao, lakini masomo na amri za chama viliendeshwa kwa Kireno. Amílcar Cabral wa Guinea-Bissau alikuwa na hoja kama hiyo: lugha ni chombo, na chombo kizuri hakitupwi kwa sababu kilikuwa mkononi mwa adui. Kiswahili nacho hawakukiacha kambini. Mwaka 2004 Joaquim Chissano, akiwa rais wa Msumbiji, aliuhutubia mkutano wa Umoja wa Afrika kwa Kiswahili.

Takwimu zinaonyesha kilichofuata. Mwaka 1980 waliosema Kireno ni lugha yao ya kwanza nchini Msumbiji walikuwa asilimia 1.2. Sensa ya 2017 iliwakuta asilimia 16.6. Angola, sensa ya 2014 iliandika kwamba asilimia 71 ya watu hukizungumza nyumbani. Miaka arobaini ya uhuru, vita vikiwa ndani yake, ilikieneza kuliko karne zote za ukoloni. Timor ya Mashariki ilienda mbali zaidi. Indonesia iliivamia mwaka 1975 na kukiondoa Kireno shuleni. Nchi hiyo ilipopata uhuru Mei 2002 ilikirudisha kuwa lugha rasmi pamoja na Kitetum, kwa kuwa wapiganaji walikuwa wamekitumia mafichoni.

Ninaziheshimu sababu za uamuzi wa kukichagua Kireno, na bado gharama yake inanisumbua. Ng'ambo ya Ruvuma, katika jimbo la Cabo Delgado, gesi nyingi iligunduliwa baharini kuanzia 2010. Watu wa Palma na Mocímboa da Praia hukulia Kimakonde, Kimwani, Kimakua au Kiswahili, ilhali sheria ya ardhi, mahakama na ajira rasmi ni vya Kireno. Kijana asiyekiandika vizuri huuona utajiri ukipita mbele ya nyumba yao. Ufundishaji wa lugha mbili ulioanza katika shule za msingi za Msumbiji mwaka 2003 ulikuwa hatua ya haki, na unastahili fedha nyingi kuliko unazopata.

Paulina Chiziane alikulia katika Kichopi, na Kireno alikipata katika shule ya misheni. Balada de Amor ao Vento, riwaya yake ya mwaka 1990, huhesabiwa kuwa ya kwanza kuchapishwa na mwanamke wa Msumbiji. Mwaka 2021 alipewa tuzo ya Camões, iliyo kubwa kuliko zote katika fasihi ya Kireno, akiwa mwanamke wa kwanza Mwafrika mweusi kuipata. Alipokwenda Lisbon kuipokea mwaka 2023, shukrani zake zilikuwa na madai ndani yake: aliwataka wenye kamusi wazirekebishe fasili zinazodharau mambo ya Kiafrika, kwa kuwa lugha hiyo sasa ni yake pia.