Kasri Lisimuliapo

Ewe msomaji, utazamapo sinema za historia ya Korea, usiwaangalie wachezaji peke yao. Liangalie na kasri. Sinema iitwayo Sado, ya mwaka 2015, yaeleza jambo lililotukia kweli. Mwaka 1762 mfalme Yeongjo alimfungia mwanawe, Sado, ndani ya kasha la mchele, uani mwa kasri la Changgyeonggung mjini Seoul; naye akafa baada ya siku 8.

Ukumbi wa mfalme umeinuliwa juu ya msingi wa mawe. Kasha li chini, katika ua mpana. Kati ya baba na mwana pana ngazi chache tu, lakini enzi imezifanya ndefu kuliko safari ya mwaka. Basi jiulize katika kila kasri: ni nani aliye juu, na ni nani aliyeachwa uani?