Mtei, Edwin

Mwanabenki na mwanasiasa wa Tanzania, Gavana wa kwanza wa Benki Kuu, Waziri wa Fedha na mwenyekiti mwanzilishi wa Chama cha Demokrasia na Maendeleo (Chadema). Edwin Isaac Mtei alizaliwa Marangu, Kilimanjaro, tarehe 12 Julai 1932. Baadaye alihamia chini ya Mlima Meru, akawa mkulima wa kahawa huko Tengeru, kando ya barabara ya Arusha–Moshi.

Maisha ya awali

Alichunga mbuzi utotoni, kama anavyosimulia katika kitabu cha kumbukumbu zake kilichotoka mwaka 2009. Alihitimu Chuo cha Makerere, Uganda, mwaka 1957. Baada ya kazi fupi katika kampuni ya tumbaku aliingia utumishi wa umma, akapanda hadi kuwa Katibu Mkuu wa Hazina.

Gavana

Benki Kuu ya Tanzania ilifunguliwa rasmi Juni 1966, Mtei akiwa Gavana. Kazi yake ya kwanza ilikuwa kuiondoa shilingi ya Afrika Mashariki, yenye simba, na kuingiza shilingi ya Tanzania. Senti 5 mpya ilikuwa na samaki, senti 20 mbuni, senti 50 sungura, na sarafu ya shilingi 1 mkono ulioshika mwenge. Noti zilikuwa za shilingi 5, 10, 20 na 100.

Mwaka haujaisha, Azimio la Arusha la siasa ya ujamaa likatangazwa, na Februari 1967 benki za kigeni, zikiwemo Barclays na Standard, zikataifishwa na kuunganishwa kuwa Benki ya Taifa ya Biashara. Katika kipindi hicho Benki Kuu changa ililazimika kulinda akiba ya fedha za kigeni.

Jumuiya na Wizara ya Fedha

Mwaka 1974 alihamia Arusha kuwa Katibu Mkuu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki. Kiti kilikuwa kigumu: tangu Idi Amin atwae madaraka Uganda mwaka 1971, Rais Julius Nyerere wa Tanzania alikataa kuketi naye, hivyo marais watatu wa nchi wanachama hawakukutana tena. Jumuiya ilivunjika mwaka 1977. Majengo iliyojengewa, yenye mabawa ya Kilimanjaro, Serengeti na Ngorongoro, yakawa Kituo cha Mikutano cha Kimataifa cha Arusha (AICC).

Mwaka huohuo Mtei aliteuliwa Waziri wa Fedha. Vita vya Kagera dhidi ya Uganda (1978–1979) na kupanda kwa bei ya mafuta vilimaliza akiba ya nchi. Mtei alijadiliana na Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF), ambalo lilitaka, pamoja na mengine, shilingi ishushwe thamani. Nyerere alikataa katakata, na Mtei akajiuzulu mwishoni mwa 1979. Mgogoro huo ndio kiini cha maisha yake ya kisiasa: aliamini kwamba thamani ya fedha haiwezi kulindwa kwa amri, wakati Rais aliliona sharti hilo kuwa uingiliaji wa uhuru wa nchi. Agosti 1986, chini ya Rais Ali Hassan Mwinyi, serikali ilikubaliana na IMF.

IMF na Chadema

Kuanzia 1982 hadi 1986 alikuwa mkurugenzi mtendaji wa IMF mjini Washington. Aliporejea aliongoza tume ya rais iliyochunguza mapato na kodi. Ripoti yake ya 1991 ilipendekeza kodi ya ongezeko la thamani, iliyoanza kutozwa Julai 1998.

Vyama vingi viliporuhusiwa mwaka 1992, Mtei alianzisha Chadema na kukiongoza hadi 1998. Alimwachia uenyekiti Bob Makani, aliyewahi kuwa Naibu Gavana wake, na kuanzia 2004 hadi 2025 kiliongozwa na mkwewe, Freeman Mbowe. Tofauti na wapinzani waliotafuta umaarufu wa jukwaani, waasisi hao walitoka kwenye madaftari ya hesabu, na hoja yao kuu ilikuwa uchumi wa soko na matumizi ya serikali.

Umuhimu

Chama alichokianzisha kilipata nguvu pia karibu na Tengeru: mwaka 2010 Godbless Lema wa Chadema alishinda jimbo la Arusha Mjini, na akarudi bungeni mwaka 2015. Chama tawala, Chama Cha Mapinduzi (CCM), kililichukua tena mwaka 2020. Kwa historia ya fedha, jina la Mtei linabaki kuambatana na shilingi aliyoizindua, na kwa siasa, na waziri aliyeona afadhali kuacha wadhifa kuliko kutetea sera asiyoiamini.