FitzRoy: Nahodha aliyeasisi utabiri wa hali ya hewa

ROBERT FitzRoy, afisa wa jeshi la wanamaji la Uingereza aliyezaliwa 1805, hukumbukwa zaidi kama nahodha wa Beagle, meli iliyombeba Charles Darwin kuzunguka dunia kati ya 1831 na 1836. Kazi yake kubwa ilikuja baadaye.

Mnamo 1854 alikabidhiwa idara mpya ya hali ya hewa, iliyonuiwa kukusanya tu takwimu za upepo kutoka kwa manahodha. Oktoba 1859 dhoruba iliivunja meli Royal Charter miambani, Anglesey, Wales. Zaidi ya watu 400 wakaangamia. FitzRoy alishikilia kwamba wangeliweza kuonywa. Alipokea habari za pwani kwa telegrafu, kisha kuanzia 1861 akaagiza bandari zitundike ishara za hatari mlingotini. Agosti mwaka huo gazeti la The Times lilianza kuchapisha utabiri wake.

Ulipokosea, alikejeliwa, na wanasayansi hawakumhurumia. Alijiua Aprili 30, 1865. Maonyo ya dhoruba yalisitishwa 1866, lakini watu wa bahari waliyadai, yakarejeshwa 1867.

Tangu 2002, eneo la bahari lililoitwa Finisterre katika utabiri wa meli wa Uingereza huitwa FitzRoy.