Mali Ikiuzwa Hairudishwi: Historia ya Kudai Fedha za Kitu Kisichoshikika

Katika risiti za maduka mengi ya Kariakoo, na katika vibao vya maduka ya Nairobi na Kampala, yamo maneno ambayo mnunuzi ameyazoea kiasi kwamba hayasomi tena: mali ikiuzwa hairudishwi. Wanafunzi wangu wengi huyachukulia kuwa ni sheria. Nikiwauliza ni sheria gani, iliyotungwa na bunge gani, wananyamaza. Nao hao hao, wanaponunua mchezo wa kompyuta kutoka duka la mtandaoni lililoko Marekani na kukuta hauchezeki, hudhani kwamba fedha zao zimekwenda kwa sababu muuzaji ameandika hivyo. Katika makala haya ninataka kufuatilia maneno hayo yalikotoka, na jinsi yalivyopelekwa mahakamani nchini Australia kuhusu kitu ambacho watunga sheria wa kale hawakuwahi kukifikiria.

Mizizi yake ni ya Kiingereza. Kwa karne nyingi mahakama za Uingereza ziliongozwa na kanuni kwamba mnunuzi na ajihadhari mwenyewe: ukiuziwa mbuzi kwenye gunia, kosa ni lako uliyeshindwa kulifungua. Sheria ya Uuzaji wa Bidhaa ya mwaka 1893 ililainisha kanuni hiyo. Ilitamka kwamba katika mauzo ya kawaida ya mfanyabiashara mna masharti yasiyoandikwa: bidhaa ilingane na maelezo yake, iwe na ubora wa kuuzika, ifae kwa kazi ambayo mnunuzi alimweleza muuzaji. Lakini sheria hiyohiyo iliacha mlango wa nyuma. Kifungu cha 55 kiliruhusu pande mbili kuyaondoa masharti hayo kwa makubaliano. Kwa maneno mengine, sheria ilimpa mnunuzi ngao, kisha ikamruhusu muuzaji mwenye karatasi nzuri kumvua ngao hiyo kabla ya pambano kuanza.

Sheria hiyo ilisafiri na dola. Mwaka 1931 ilipandwa Kenya na Tanganyika, karibu neno kwa neno. Uingereza yenyewe iliufunga mlango ule mwaka 1973, ilipozuia wafanyabiashara kumnyima mlaji wa kawaida masharti ya msingi. Australia ilifanya hivyo mwaka 1974, kisha ikaunganisha sheria zake katika Sheria ya Walaji ya Australia iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 2011. Tofauti hii ya miaka, ambayo mtu anaweza kuiona kuwa ni jambo la wanasheria peke yao, ndiyo iliyoamua mengi ya yaliyofuata.

Mwaka 1893 bidhaa ilikuwa kitu kinachoshikika: gunia la nafaka, farasi, mashine. Hata michezo ya kompyuta ilianza ikiwa vitu vya namna hiyo. Mwaka 1982 kampuni ya Atari ilipotoa mchezo wa E.T., kaseti zilizokosa wanunuzi na zile zilizorudishwa zilikuwa mzigo wa kubebwa kwa malori. Mwaka 1983 sehemu ya mzigo huo ilizikwa katika jaa la Alamogordo, jimbo la New Mexico, na mwaka 2014 ikafukuliwa mbele ya kamera. Nautaja mkasa huu kwa sababu moja tu. Kaseti mbovu ilikuwa na mahali pa kurudi. Mnunuzi aliibeba, akaenda dukani, akaiweka juu ya meza mbele ya mtu aliyemuuzia.

Meza hiyo ilianza kutoweka mwaka 2003, kampuni ya Valve ya jimbo la Washington ilipoanzisha huduma yake ya Steam. Mwaka uliofuata ilitoa mchezo wa Half-Life 2, na hata aliyenunua diski ya mchezo huo dukani alilazimika kujiandikisha Steam ili aucheze. Pole pole diski ikawa pambo. Alichouziwa mchezaji, kwa mujibu wa mkataba, hakikuwa mchezo bali leseni ya kuutumia. Naye hakuitwa mnunuzi bali mwanachama. Mkataba huo ulisema pia kwamba ada zote hulipwa kabla na hazirejeshwi, zote wala sehemu yake. Ni kile kibao cha Kariakoo, sasa kikiwa ndani ya kompyuta na kikisindikizwa na kurasa nyingi za masharti ambazo hakuna azisomaye.

Je, sheria ya zamani ingeweza kumsaidia mwanachama huyo? Mwaka 1996 Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilisikiliza shauri la halmashauri ya mji wa St Albans dhidi ya kampuni ya ICL, iliyokuwa imeiuzia programu ya kompyuta yenye kasoro. Jaji mmoja alieleza tofauti ambayo iliwasumbua wanasheria kwa miaka mingi: diski ni bidhaa, na ikibeba programu mbovu basi bidhaa ni mbovu, lakini programu yenyewe, ikipitishwa bila diski, si bidhaa. Hebu msomaji apime maana yake. Kasoro ni ileile, hasara ni ileile, bei pengine ni ileile, ila haki inategemea kipande cha plastiki.

Australia ilikuwa na jibu tayari. Ndani ya tafsiri ya neno bidhaa katika sheria yake ya walaji yaliongezwa maneno machache: pamoja na programu za kompyuta. Tarehe 29 Agosti 2014 Tume ya Ushindani na Walaji ya Australia iliishtaki Valve katika Mahakama ya Shirikisho. Dai halikuwa kwamba kila aliyechoka na mchezo alipwe. Lilikuwa finyu zaidi na kwa maoni yangu la busara zaidi: kwamba kampuni iliwadanganya walaji wa Australia kwa kuwaambia hawana haki yoyote ya kurejeshewa fedha, ilhali sheria ya nchi inawahakikishia kwamba bidhaa yenye kasoro kubwa hurejeshwa, na dhamana hiyo haiwezi kufutwa na mkataba.

Utetezi wa Valve ulisimama juu ya miguu mitatu. Kwanza, mkataba unaongozwa na sheria ya jimbo la Washington. Pili, kampuni haikuuza bidhaa. Tatu, haikufanya biashara nchini Australia: haikuwa na ofisi huko, wala mfanyakazi, wala hata mlango wa kubisha.

Hukumu ilitolewa tarehe 24 Machi 2016 na Jaji James Edelman. Kuhusu hoja ya kwanza, jaji alikubali kwamba mkataba wenyewe ulifungamana zaidi na Washington, lakini akasema kwamba hilo halizuii sheria ya walaji kumfikia muuzaji kwa mwenendo wake ndani ya Australia. Kuhusu ya pili, alichambua kilichomo ndani ya mchezo. Kuna muziki, picha na data nyingine, ambazo si programu. Lakini kiini chake ni maelekezo yanayoiendesha kompyuta, na hayo ni programu, na programu ni bidhaa. Nimewahi kuisoma sehemu hii darasani kwa sauti, maana ni nadra kumwona jaji akikifungua kitu kisichoonekana kama fundi afunguavyo redio.

Hoja ya tatu ndiyo iliyo muhimu kwetu. Jaji hakutafuta ofisi, alitazama shughuli. Steam ilikuwa na akaunti zipatazo milioni 2.2 za watu wa Australia. Kampuni ilikuwa na seva zake ndani ya nchi hiyo, zenye thamani ya dola za Marekani milioni 1.2, na ilizilipia nafasi kila mwezi. Iliingia mikataba na makampuni mengine ili mafaili yawafikie wateja wa huko kwa kasi. Mtu anayefanya yote hayo anafanya biashara Australia, hata kama hajawahi kushuka uwanja wa ndege wa Sydney.

Desemba 2016 ikaja adhabu: dola za Australia milioni 3, kiasi kilekile ambacho Tume iliomba. Valve yenyewe ilikuwa imependekeza 250,000. Katika kupima uzito wa kosa, mahakama ilizingatia kwamba maombi zaidi ya 21,000 kutoka kwa watumiaji wa Australia yalikuwa na neno la kurejeshewa fedha, na kwamba kampuni haikutafuta ushauri wa mwanasheria wa Australia hadi Aprili 2014, yaani miaka mingi baada ya kuanza kuvuna fedha za nchi hiyo. Rufaa ilitupwa Desemba 2017, na Aprili 2018 Mahakama Kuu ya Australia ikakataa kuisikiliza zaidi.

Wapo watakaonikumbusha kwamba Valve ilibadilika yenyewe kabla ya hukumu. Ni kweli kwamba tarehe 2 Juni 2015 ilitangaza utaratibu unaofahamika hadi leo: omba ndani ya siku 14 tangu kununua, uwe umecheza chini ya saa mbili, nawe utarejeshewa fedha bila kuulizwa maswali mengi. Ni kweli pia kwamba mshindani wake, Electronic Arts, alikuwa ameanza kuahidi kitu kama hicho kwa michezo yake tangu 2013. Hata hivyo siamini masimulizi ya ukarimu. Tangazo lilikuja miezi tisa baada ya shauri kufunguliwa, na mwaka mmoja baada ya Umoja wa Ulaya kuanza kutekeleza siku 14 za mnunuzi wa mtandaoni kughairi. Huo wa Ulaya una tundu lake: mnunuzi wa kitu cha kidijitali huombwa akubali kwamba kikianza kushuka kwenye kompyuta yake, haki ya kughairi imekwisha. Wengi hubonyeza.

Kuna tofauti hapa ambayo huwachanganya hata watu wazima. Saa mbili na siku 14 ni hisani ya duka, na hisani ina mipaka anayoitaka mwenye nayo. Dhamana ya sheria haihesabu saa. Inauliza kama kitu kilikuwa na kasoro. Na niwe mwadilifu: hisani hiyo imewaumiza wengine. Watengenezaji wadogo ambao mchezo wao mzima unamalizika kwa dakika 90 wamelalamika kwamba mchezaji humaliza, hufurahi, kisha hudai fedha zake. Kipimo cha kasoro kingewalinda kuliko kipimo cha saa.

Somo la Australia halikuwafikia wote haraka. Juni 2020 tawi la Sony la Ulaya lilitozwa huko dola za Australia milioni 3.5 kwa kuwaambia wanunuzi kwamba mchezo ukishapakuliwa, au siku 14 zikipita, halidaiwi tena. Miezi sita baadaye, tarehe 10 Desemba 2020, kampuni ya CD Projekt ya Poland ilitoa Cyberpunk 2077 ukiwa na kasoro nyingi mno kwenye mashine za PlayStation 4. Baada ya takriban wiki moja Sony iliuondoa dukani mwake na kuwaahidi wanunuzi wote fedha zao. Ulirudi Juni 2021. Na jimbo la California, baada ya kampuni ya Ubisoft kuzima Machi 2024 seva za mchezo wa The Crew na kuwaacha walioulipia bila kitu, lilipitisha sheria iliyoanza Januari 2025: duka lisitumie neno nunua bila kumweleza mteja waziwazi kwamba anachopata ni leseni tu.

Sasa nirudi nyumbani, na hasa kwa wasomaji wangu walioko wizarani. Januari 2021 Kenya ilianza kutoza asilimia 1.5 ya mapato ya huduma za kidijitali, kodi iliyodumu hadi mwishoni mwa 2024. Tanzania ilifuata Julai 2022 kwa asilimia 2. Uganda Julai 2023 kwa asilimia 5 kwa kampuni za nje. Katika kila nchi, hazina imetamka kwamba muuzaji asiye na ofisi kwetu anafanya shughuli kwetu kiasi cha kulipa kodi. Ni hoja ileile ya Jaji Edelman, tena bila kudai hata seva moja. Upande wa mlaji, Ibara ya 46 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inampa haki ya bidhaa na huduma zenye ubora unaofaa, na Sheria ya Ulinzi wa Mlaji ya 2012 inaitambua mikataba ya intaneti kwa jina. Tanzania ina Sheria ya Ushindani ya 2003 na Tume yake. Vyombo vipo.

Kinachotakiwa ni kazi ndogo ya kalamu kwa yeyote atakayeandaa marekebisho yajayo: kuitaja programu ndani ya tafsiri ya neno bidhaa, kusema wazi kwamba dhamana ya ubora haiondolewi na mkataba wala na sheria ya nchi nyingine iliyoandikwa ndani yake, na kukihamishia kwenye sheria ya mlaji kile kipimo cha kufanya biashara nchini ambacho wenzao wa hazina wamekwisha kukiandika. Australia ilitumia maneno machache kwa hilo la kwanza.